Dada Aliyeurudisha Mvuke Mitamboni

Ndugu, jamaa, majirani na wafanyakazi wenza wa marehemu, haya nitakayosoma ndiyo yaliyochapwa kwenye kijitabu mlichopewa langoni. Pale nitakapoacha maandishi na kusema ya kwangu, mtanisamehe. Mimi ni mdogo wake marehemu, kinyozi kwa kazi, na kinyozi amezoea kuongea na mtu asiyeweza kuinuka kitini. Nanyi leo mmekaa, basi tuvumiliane.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1961, mtoto wa kwanza kati ya wawili, katika nyumba za wafanyakazi zilizo nyuma ya kituo cha kufua umeme. Baba yetu alikuwa kibarua wa zege. Msingi wa kituo hicho aliumwaga yeye na wenzake, na ujenzi ulipokwisha akabakizwa kuwa mfagiaji wa uwanja. Mama alikuwa dobi. Siku hizo kituo kilikuwa na boila mbili zilizochoma mafuta mazito: maji yanachemka, mvuke unasukuma mtambo, mtambo unatoa umeme, na masizi yanashuka moja kwa moja kwenye kamba ya mama. Kila shuka lilifuliwa mara mbili, mara ya kwanza kwa uchafu wa mwenyewe na mara ya pili kwa uchafu wa bomba la moshi.

Alipokuwa na umri wa miaka minane, marehemu alilichukua shuka moja lenye madoa meusi, akanibeba mimi mgongoni, akaenda mpaka langoni kumtaka meneja. Mlinzi alicheka mpaka akampisha. Meneja wa wakati huo, mtu mpole, alilitazama shuka, akamtazama mtoto, akatoa mche mzima wa sabuni. Dada akaurudisha juu ya meza. "Shikamoo, mzee. Sabuni tunayo. Tumekuja kwa ajili ya moshi." Mimi sikumbuki chochote, nilikuwa nimelala, lakini baba aliisimulia hadithi hiyo mpaka mwisho wa uhai wake, na kila mara sabuni iliongezeka.

Alisoma shule ya msingi ya mtaani kwetu, kisha sekondari mpaka mwaka 1980. Kuanzia 1981 hadi 1984 alikuwa chuo cha ufundi, fani ya mitambo, msichana peke yake darasani. Ovaroli aliyopewa ilikuwa ya mwanamume mwenye kitambi. Mama aliikata, na kitambaa kilichobaki nikashonewa kaptura, kwa hiyo na mimi naweza kusema nilipitia chuo cha ufundi.

Aliajiriwa kituoni mwaka 1985 katika chumba cha kuongozea mitambo. Hapa lazima nieleze desturi moja ya kazi yao, maana bila hiyo hamtaelewa maisha yake. Mle ndani msimamizi akisema, "Fungua valvu ya pili," anayeambiwa harukii valvu. Kwanza anaikariri amri kwa sauti: "Nafungua valvu ya pili." Akishaikariri, basi, imekwisha, ni lazima aitekeleze. Asipoikariri, amri haijapokelewa na hakuna anayegusa kitu. Ndivyo wanavyojikinga wasiunguzane. Ni utaratibu mzuri sana ukibaki kazini. Kwa dada yangu haukubaki kazini.

Mwaka 1988 bomba la gesi asilia likafika. Vichomeo vya mafuta vikang'olewa kwenye zile boila, vikafungwa vya gesi, na marehemu akawa kwenye timu iliyoziwasha upya. Siku hiyo mama alianika shuka jeupe, akaweka kiti chini ya kamba, akalilinda kutwa nzima kama mtu anayelinda mahindi. Jioni akalianua jeupe vilevile. "Haya," akasema, "sasa yule mtoto ameanza kunisaidia kazi."

Tarehe 14 Oktoba 1989 marehemu alifunga ndoa na shemeji yangu, fundi wa boila, aliye mbele yetu hapa. Yeye ni mdogo kwa marehemu kwa miaka miwili, jambo ambalo dada hakuacha kumkumbusha kila alipotaka kushinda ubishi. Mfungisha ndoa alipouliza, "Je, unamkubali mwanamume huyu?" bibi harusi akajibu kwa sauti ya kazini, "Namkubali mwanamume huyu," kisha akasimama wima kungoja amri inayofuata. Bwana harusi naye vivyo hivyo. Yule mfungisha ndoa alidhani anafanyiwa mzaha, akafunga kitabu chake, na ilibidi baba amwombe radhi. Nyumbani mwao ikawa hivyohivyo. "Lete chumvi." "Naleta chumvi." Binti yao alipoanza shule alikariri kila neno la mwalimu, mpaka tukaitwa kueleza mtoto ana nini. Tulimwambia mwalimu hana kitu, ni wa ukoo wa mitambo.

Mungu aliwajalia watoto wawili, binti mwaka 1991 na mvulana mwaka 1994. Nyumba yao ilikuwa na kelele na ilikuwa na raha. Nasema hivyo kwa sababu sehemu inayofuata haina raha, na shemeji ameniambia niisome yote, nisiruke hata mstari.

Boila zilizeeka. Kufikia miaka ya elfu mbili zilikuwa zinazima kila kukicha, na mtaa mzima ulijua zimezima kabla hata redio haijatangaza. Uongozi ukaamua kukifanya kituo kuwa cha kisasa: mitambo miwili mipya inayochoma gesi na kuzunguka yenyewe, bila mvuke. Marehemu ndiye aliyewekwa kuusimamia mradi huo. Aliutaka, hakulazimishwa. Alisema kituo kisipobadilika kitafungwa, na kikifungwa tutakosa wote. Lakini mtambo usiotumia mvuke hauhitaji boila, na pasipo boila hakuna haja ya watu wa boila. Walikuwa thelathini na zaidi. Mmoja wao alikuwa mume wake.

Boila zilizimwa tarehe 30 Juni 2008, na aliyetia sahihi ni yeye. Mchana wa siku hiyo nilikuwepo nyumbani kwao, namnyoa mpwa wangu nywele barazani. Dada alimweleza mumewe mwenyewe, mezani, hakumwachia mtu wa ofisini.

"Kwa hiyo kuanzia kesho mimi nikae hapa nikuchemshie chai?" shemeji akauliza.

"Ukiichemsha vizuri, si vibaya."

Ah, dada! Alitaka kupoza, akamwaga petroli. Shemeji akainuka, mishipa ya shingo imemtoka.

"Toka nyumbani kwangu!"

Mke mwingine angejibu, angelia, angemkumbusha kwamba nyumba yenyewe ni ya kazi na imeandikwa kwa jina la mke. Dada akamtazama machoni, akasema taratibu, "Natoka nyumbani kwako."

Nikaona uso wa shemeji unabadilika. Alikuwa amesema kwa hasira, na hasira hupita. Lakini amri imeshatolewa na imeshakaririwa, na wote wawili walikuwa watu wa kazi ileile. Hakuna aliyejua namna ya kuirudisha. Dada akaingia chumbani, akatoka na sanduku, akanipita barazani na mashine yangu ya kunyolea bado inanguruma. Mpwa wangu alibaki na kichwa nusu. Jamani, nimeona wajinga wengi katika maisha yangu, lakini wajinga wenye nidhamu kiasi kile sijawaona tena.

Akaja kukaa kwangu, vyumba viwili nyuma ya kibanda cha kunyolea. Zikapita siku, mmoja hali vizuri huku, mwingine hali vizuri kule, na watoto wanapeleka salamu ambazo hakuna aliyezituma. Mwisho shemeji akaja, akakaa kwenye kiti changu, akasema anataka kunyolewa ndevu. Nilikuwa nimeshampaka povu mashavu yote mawili dada alipotoka nyuma na ndoo ya maji.

"Rudi nyumbani," shemeji akamwambia kupitia kioo.

Dada akahamishia ndoo mkono wa pili.

"Nimetoa amri. Mbona huikariri?"

"Amri haikaririwi kabla hujajua hali ya mtambo," dada akasema. "Nikirudi nitakukuta umekaa. Ukikaa sana utanichukia. Si leo, si kesho, ila utanichukia, na utakuwa na haki."

"Sasa unataka nifanye nini? Boila umezima."

Hapo dada akaweka ndoo chini. Akamweleza kwamba nyuma ya ile mitambo mipya unatoka moto mkali unaopanda hewani bure, moto wa kutosha kuchemsha maji na kuzungusha mtambo wa tatu. Kwenye michoro ya mradi upo, umeitwa awamu ya pili, ila uongozi umeuweka kando. "Moto ule utawekewa boila," akasema. "Na boila inataka watu wa boila."

"Lini?"

"Sijui ni lini."

"Basi sema unalolijua."

Dada akajifuta mikono. "Narudi nyumbani. Na mvuke nitaurudisha."

Shemeji akageuka kitini, povu linadondoka shingoni, akakariri yeye, jambo lisilo la kawaida kwa aliyetoa amri: "Unarudi nyumbani. Na mvuke utaurudisha." Wakaondoka pamoja na ndevu zake zile zile. Tangu siku ile dada yangu alikuwa na deni la neno, na alilibeba kwa miaka minane.

Wakubwa wa kazi mliopo hapa mnajua alivyowasumbua. Mameneja wanne walipita, na kila mmoja alipelekwa kwenye ngazi ya juu karibu na bomba la moshi, akaambiwa anyooshe mkono ahisi joto. "Umehisi? Hilo tunalitupa." Mmoja alimjibu kwamba umeme uliopo unatosha. Mwingine alimpa cheo makao makuu, ofisi yenye zulia na dereva, ili apumue yeye na wao wapumue. Alikataa. Nilikasirika, nilimwambia dada wewe huna akili, zulia hulitaki? Akasema, "Zulia halichemshi maji." Wakaanza kumwita Mama Mvuke kwa kumdhihaki. Yeye akaitika.

Dhihaka za ofisini zilikuwa nafuu. Wale waliopoteza kazi walikuwa majirani zetu. Mmoja akawa mlinzi wa duka, mwingine akauza mkaa, mwingine nilimchukua mimi afagie nywele, naye alifagia huku ananiambia dada yako ametuua. Shemeji alipata kibarua kwenye chumba cha kufulia cha hospitali, ambako kulikuwa na kiboila kidogo cha kupasha pasi za mvuke. Alikitunza vizuri mno, wauguzi walivaa sare zilizonyooka kuliko za wanajeshi. Lakini alikuwa fundi wa boila ndefu kama ghorofa tatu, na kila Ijumaa alipopita mbele ya kituo aligeuza uso.

Sasa sikilizeni alichofanya dada. Alikwenda kwa wale watu nyumba kwa nyumba, akawaambia kila Jumamosi asubuhi kutakuwa na darasa sebuleni kwake, la boila ambayo haijanunuliwa. Wengine walimfungia mlango. Mke wa mmoja alimmwagia maji ya vyombo. Akarudi nyumbani, akabadilisha gauni, akaenda nyumba inayofuata. Jumamosi ya kwanza walijaa, wengine walikuja kumtukana tu. Akawaacha watukane, kisha akabandika mchoro ukutani akaanza kufundisha. Mtaani wakaliita darasa la boila hewa. Mwaka wa pili waliokuja walikuwa nusu. Mwaka wa tano walikuwa kumi na mmoja, nao walikuwa hawaji kwa kuamini. Walikuja kwa sababu wangemwonea aibu mwanamke aliyewapangia viti. Nilimuuliza, "Dada, na wakiacha wote?" Akasema, "Nitamfundisha shemeji yako. Hana pa kwenda, anaishi hapa."

Mwaka 2013 umeme ukaanza kupungua kwelikweli, viwanda vikazimiwa mchana, na meneja mpya akauliza, "Hivi yule mama wa mvuke yuko wapi?" Alikuwa hospitalini. Mwaka huohuo madaktari walikuwa wamegundua kwamba figo zake zimechoka. Meneja alimfuata wodini, akamkuta amelazwa kwenye mashine ya kusafisha damu, anamhoji muuguzi mashine hiyo mara ya mwisho ilifanyiwa matengenezo lini na presha yake ni kiasi gani. Awamu ya pili ilikubaliwa pale pale kando ya kitanda. Baada ya hapo alipanga vikao vyake kufuata siku za matibabu, na kama kuna kilichogongana, alihamisha vikao, si matibabu. Alisema hawezi kufa na neno la watu mdomoni.

Kampuni iliyokuja kujenga ilitaka kuja na watu wake wa boila. Marehemu akasema wapeni mtihani wangu kwanza. Kumi na mmoja wakakaa, tisa wakafaulu. Wawili waliofeli, mmoja alikuwa shemeji. Watu walimnong'oneza dada kwamba kwa nafasi yake anaweza kulisawazisha hilo. Akajibu, "Boila haijui ni mume wa nani." Shemeji alinuna wiki nzima, akala kwa majirani, kisha akachukua michoro akaanza upya ukurasa wa kwanza. Mara ya pili alifaulu yeye na mwenzake. Alipita kibandani kwangu anapiga mluzi, na sijawahi kumsikia akipiga mluzi kabla wala baada.

Februari 2016 wakajaribu kuwasha, bomba likavuja kwenye kiungo, wakazima. Watu wa darasa la boila hewa wakaonekana mtaani wameinamisha vichwa, na wasemaji wakasema. Dada alikuwa amechoka, uso umevimba, akasema tu, "Limevuja, litazibwa." Lilizibwa. Tarehe 17 Machi 2016 waliwasha tena. Nilialikwa, nikavishwa helmeti iliyonizidi. Marehemu alikuwa ameketi kwenye kiti pembeni ya chumba cha kuongozea mitambo, sweta mabegani, haruhusiwi kugusa kitu. Msimamizi wa zamu akatoa amri ya kufungua mvuke, na sauti iliyoikariri kwenye spika kutoka kwenye boila ilikuwa ya shemeji. Sindano ya geji ikapanda. Mtambo wa tatu ukaanza kuzunguka, kwanza kwa kusitasita, kisha ukakaa sawa. Dada alilia mpaka sweta likalowa, na msimamizi wa zamu akageukia ukuta asionekane na yeye.

Alimaliza utumishi wake mwaka 2018 kwa sababu ya afya. Alipata mwaka mmoja wa kumbeba mjukuu na kugombana nami kuhusu bei ya kunyoa. Mwezi wa Agosti mwaka huu hali yake ilibadilika. Alifariki tarehe 2 Septemba 2019, asubuhi, hospitalini, mumewe amemshika mkono. Tumeumia. Siwezi kulisema kwa ufundi wowote. Tumeumia sana.

Juzi meneja wa kituo alikuja msibani kwa heshima zote, na tunamshukuru. Alisema uongozi umeamua kwamba wakati wa mazishi mtambo wa mvuke uzimwe kwa muda, wafanyakazi wote wasimame kimya, kumuenzi marehemu. Shemeji alikuwa amekaa sakafuni tangu asubuhi bila kunena na mtu. Aliinuka akishikilia ukuta.

"Bwana meneja, asante. Lakini mke wangu alisumbuka miaka minane ili mvuke ule uwepo. Alitukanwa, alimwagiwa maji machafu, alifundisha viti vitupu. Leo ndiyo tuuzime, eti kwa heshima yake?" Akapumua. "Wenzangu wa zamu ya mchana waliniomba mimi, mkuu wao, ruhusa ya kuja kuzika. Nimewanyima. Nimewaambia anayempenda abaki kwenye boila."

Ndiyo maana ile safu ya viti kule nyuma iko wazi. Wenye viti hawakutudharau. Wako kazini, na kelele mnayoisikia kutoka upande wa kituo tangu tulipoanza ni wao.

Marehemu ameacha mume aliye mkuu wa sehemu ya boila, binti aliye muuguzi, mwana aliye mwalimu wa hesabu, mjukuu mmoja anayekariri kila anachoambiwa, mdogo wake, mimi, na wanaume wengine kumi wa Jumamosi, ambao hawakuzaliwa na mama yetu lakini hakuna atakayeniambia niwatoe kwenye orodha hii.

Alisema mvuke utarudi, na umerudi. Apumzike sasa, dada yetu, kwa amani. Hana deni na mtu.